Kumbukumbu na Mahali pa Kusemea: Wabajuni wa Mkokoni na Mwisho wa Ujamaa wa Somalia

Utangulizi

Wahakiki wa fasihi simulizi ya pwani wamezoea kuitazama nchi ya Wabajuni kama ghala la mambo ya kale. Atafutaye habari za Shungwaya huelekezwa huko, na atafutaye sauti za Kiswahili cha zamani huelekezwa huko vile vile. Mazoea haya yameleta faida kubwa, lakini yameliacha nyuma swali moja zito. Watu hao hao wanaoulizwa habari za mababu wa mababu zao wameishi pia katika karne ya ishirini. Sehemu yao iliishi kwa zaidi ya miaka ishirini chini ya dola iliyojitangaza kuwa ya kijamaa, ikaiona dola hiyo ikianguka mwaka 1991, ikapanda majahazi na mashua kuja Kenya. Je, mambo hayo yanakumbukwa katika fani gani, na ni nani ayasikilizaye?

Makala haya yanakusudia kulijadili swali hilo kwa kuanzia Mkokoni, kijiji cha Wabajuni kilichoko bara, mkabala na kisiwa cha Kiwayu, upande wa kaskazini wa visiwa vya Lamu. Mkokoni haikupata kutawaliwa na Siad Barre. Hiyo ndiyo sababu ya kuanzia hapo: kijiji hiki kimo katika nchi ya watu wamoja iliyokatwa na mpaka wa dola mbili, na atazamaye kutoka hapo huona upesi kwamba kumbukumbu ya watu hao haikukatwa mahali pale pale ilipokatwa ardhi yao. Hoja itakayotetewa ni kwamba kumbukumbu ya jamii haifi kwa kuwa watu wamesahau tu. Hufa inaponyimwa mahali pa kusemea, na hupotoka inapolazimishwa kusemwa mahali pasipo pake.

Nchi moja chini ya dola mbili

Nchi ya Wabajuni, ambao hujulikana pia kwa jina la Watikuu, huanzia Kisimayu, ikashuka kwa visiwa vya Koyama, Chovai na Chula hadi Ras Kiamboni, kisha ikaendelea Kiunga, Mkokoni, Kiwayu na Ndau hadi Faza katika kisiwa cha Pate. Wazee huhesabu kabila kumi na nane za Wabajuni, na hesabu hiyo haikupangwa kwa kufuata mpaka wa serikali yoyote. Lugha nayo ni hivyo hivyo. Pale ambapo Mwamu au Mmvita husema *mtu* na *tatu*, Mbajuni husema *mchu* na *chachu*. Na kwa kanuni iyo hiyo visiwa ambavyo kusini huitwa Tula na Tovai, wenyeji huviita Chula na Chovai. Kanuni hiyo ya sauti hufanya kazi kaskazini ya mpaka kama inavyofanya kazi kusini yake.

Mpaka wenyewe ni wa karibu. Mwaka 1925 Uingereza iliikabidhi Italia nchi ya Jubaland, na visiwa vya kaskazini vikaenda pamoja nayo. Mwaka 1960 visiwa hivyo vikawa sehemu ya Jamhuri ya Somalia. Mwaka 1963 Mkokoni na majirani zake wakawa raia wa Kenya huru. Hivyo ndugu wa nyumba moja walijikuta raia wa dola mbili bila yeyote kati yao kuhama.

Dola ya lugha moja

Siad Barre alitwaa madaraka mwezi Oktoba 1969, na mwaka mmoja baadaye akatangaza kwamba Somalia itafuata ujamaa wa kisayansi. Neno lililochaguliwa kuutaja ujamaa huo kwa Kisomali ni *hantiwadaag*, yaani kushirikiana mali. Yafaa lilinganishwe na neno la Kiswahili. Tanzania ililijenga neno lake juu ya *jamaa*, Somalia ikalijenga lake juu ya *hanti*, mali, ambayo kwa mfugaji ni mifugo kwanza. Kila dola ilichota sitiari yake katika maisha ya wale iliowaona kuwa ndio wananchi wake hasa. Mvuvi wa Chovai hakuwa mbele ya macho ya waliolibuni neno hilo.

Mwezi Oktoba 1972 Kisomali kilitangazwa kuwa lugha rasmi ya dola na kupewa hati ya Kilatini, baada ya mabishano ya miaka mingi baina ya watetezi wa hati za Kilatini, Kiarabu na Kiosmania. Mwaka 1974 shule za sekondari zilifungwa, na wanafunzi na walimu wakapelekwa mashambani na malishoni kufundisha watu kusoma. Haitakuwa haki kuidharau kazi hiyo. Ni mataifa machache ya Afrika yaliyothubutu kuing'oa lugha ya mkoloni katika ofisi zake kwa muda mfupi namna ile, na wanazuoni wa Kiswahili, ambao walikuwa wakiiona lugha yao ikifanya kazi kama hiyo Tanzania, walikuwa na kila sababu ya kuisifu.

Lakini ndipo penye jambo ambalo uhakiki wa Kiswahili haujalitazama vya kutosha. Kazi ambayo Kiswahili kilifanya Tanzania juu ya lugha ndogo ndogo, Kisomali kiliifanya Somalia juu ya Kibajuni cha visiwani na Chimwini cha Barawa, ambazo zote mbili ni jamaa wa Kiswahili. Huko Kiswahili ndicho kilichokuwa lugha ndogo. Mtoto wa Chula aliyeambiwa kwamba sasa atasoma kwa lugha ya mama alikuwa akisoma kwa lugha ya mama wa mtu mwingine. Msomi wa Kiswahili aliyezoea kukiona Kiswahili kikiwa upande wa dola angejifunza mengi kwa kukitazama pale kilipokuwa upande wa pili.

Tena dola ile ilipiga vita ukabila kwa ishara za hadhara. Sanamu za ukabila zilichomwa moto, na raia wakatakiwa waitane *jaalle*, mwenzangu, kama Watanzania walivyoitana *ndugu*. Ilikuwa mwiko kutaja kabila hadharani, huku madaraka yakizidi kukusanyika mikononi mwa jamaa za mtawala. Kwa kabila kubwa, mwiko huo ulikuwa pazia tu, kwani nguvu zake zilijulikana bila kutajwa. Kwa Wabajuni hali ni tofauti. Hesabu ya kabila zao kumi na nane ndiyo historia yao, maana ndani yake mna majina ya visiwa, miji na safari. Ukikatazwa kutaja kabila umekatazwa pia kusimulia. Hapo kumbukumbu ilipoteza uwanja wake wa kwanza.

Mwisho usio na faili

Ujamaa wa Somalia haukuisha siku moja. Mwezi Novemba 1977, katikati ya vita vya Ogaden, Barre aliwafukuza Warusi na kuanza kuelekea Marekani, ingawa chama chake cha kimapinduzi, kilichoundwa mwaka 1976, kiliendelea kutawala kwa msamiati ule ule. Kilichoisha mwezi Januari 1991, Barre alipokimbia Mogadishu, ni dola yenyewe.

Hapa pana tofauti kubwa na nchi za Ulaya ya Mashariki, ambazo mara nyingi hutolewa mfano yanapojadiliwa masuala ya kumbukumbu baada ya utawala wa kikomunisti. Ujerumani ilipitisha sheria mwezi Desemba 1991 iliyompa kila raia haki ya kusoma faili ambalo polisi wa siri wa Ujerumani ya Mashariki waliandika juu yake, na mwezi uliofuata watu wakaanza kuyasoma. Majadiliano ya huko, pamoja na uchungu wake wote, yalikuwa na karatasi za kubishania, mahakama ya kwenda, na dola mpya ya kuuliza maswali. Somalia haikuwa na hata kimoja cha vitu hivyo. Wabajuni, ambao hawakuwa na wanamgambo wa kuwalinda, waliporwa na kufukuzwa visiwani, wakashuka kwa bahari hadi Lamu na Mombasa, na wengi wakakaa katika kambi ya Jomvu hadi kambi za pwani zilipofungwa katika miaka ya 1990.

Fasihi andishi nayo haikuwapokea. Watanzania walipata mapema riwaya za kuutafakari ujamaa wao. *Gamba la Nyoka* ya Kezilahabi ilitoka mwaka 1979, wakati vijiji vya ujamaa vilikuwa bado vipya. Wazanzibari wanayo *Haini* ya Adam Shafi, iliyotoka mwaka 2003, inayolirejea gereza la baada ya kuuawa kwa Karume mwaka 1972. Wasomali walimpata Nuruddin Farah, aliyeuandikia utawala wa Barre riwaya tatu kati ya mwaka 1979 na 1983. Lakini dunia ya riwaya hizo ni dunia ya wasomi wa Mogadishu, na lugha yake ni Kiingereza. Katika vitabu vyote hivyo, vyenye sifa zake kubwa, Mbajuni wa visiwani hana nafasi ya kulitoa neno lake.

Kumbukumbu iliyogeuzwa mtihani

Faili la Mbajuni lilikuja kufunguliwa mahali pengine kabisa. Wakimbizi walipofika Uingereza na nchi nyingine za Ulaya, maofisa wa uhamiaji walitaka kujua kama mtu aliyejitaja kuwa Mbajuni wa Somalia ni Mbajuni kweli, na kama ni wa Somalia kweli. Maswali yakatengenezwa: vitaje visiwa kwa mpangilio, taja kabila, eleza chakula na desturi, zungumza Kibajuni. Mwaka 2004 baraza la rufani la uhamiaji la Uingereza lilitoa uamuzi ambao ndani ya kichwa chake hasa mlitajwa uwezo wa kusema Kibajuni. Kurekodi sauti ya mwombaji na kuipeleka kwa wachunguzi wa lugha kukawa sehemu ya utaratibu.

Serikali inayo haki ya kuuliza, na hapana shaka kwamba wapo waliodai jina lisilo lao. Lakini mhakiki wa fasihi anapaswa kuitazama fani ya tukio hilo, kwani ni fani: ina msimulizi, ina hadhira, na ina kanuni. Hadhira yake ni mtu mmoja asiyeijua lugha. Kanuni yake ni kwamba kila swali lina jibu moja lililokwisha andikwa. Anayesimulia hawezi kusema kwamba babake alikataa kulitaja jambo fulani, wala kwamba nyumba mbili za kijiji kimoja zina masimulizi yanayopingana, ingawa hayo ndiyo maisha ya kumbukumbu yoyote iliyo hai. Maurice Halbwachs alieleza tangu mwaka 1925 kwamba mtu hukumbuka ndani ya mipaka anayowekewa na jamii yake. Mbele ya meza ya uhamiaji mipaka hiyo imewekwa na jamii nyingine. Basi kilichokuwa kukumbuka hugeuka kukariri, na kijana aliyezaliwa kambini akalelewa kwa Kiswahili cha Mombasa hushindwa mtihani wa ukabila wake mwenyewe.

Ugumu huzidi panapotakiwa kutenganishwa Mbajuni wa Somalia na Mbajuni wa Kenya. Zipo tofauti, hasa za msamiati: kaskazini yaliingia maneno ya Kiitaliano na Kisomali, kusini ya Kiingereza na ya Kiswahili sanifu. Lakini Kibajuni kimesafiri siku zote kwa ndoa, kwa uvuvi na kwa ukimbizi. Kumtaka mtu aonyeshe mpaka wa mwaka 1925 katika matamshi yake ni kuidai lugha itoe ushahidi wa jambo ambalo haikulifanya. Hapa ndipo Mkokoni inapoingia katika kesi za watu ambao pengine hawakupata kuiona: matamshi ya watu wake ndiyo yanayohofiwa kusikika kinywani mwa mwombaji, ilhali matamshi hayo ni ya wote.

Vave na haja ya tukio

Kama mtihani si mahali pa kumbukumbu hii, mahali pake ni wapi? Jibu moja limo katika *vave*, utungo mrefu wa wakulima wa Kibajuni. Wakulima hufyeka msitu, wakaacha miti ikauke, kisha usiku wa kuamkia siku ya kuchoma hukusanyika wakaimba. Wanaoimba ni wengi, nao hupokezana, na wimbo huufuata mwendo wa kazi. Watafiti wamevutiwa zaidi na yale ya kale yanayotajwa humo, wakayachambua kama mtu achambuaye hati iliyookotwa.

Uchambuzi huo ni wa halali ila haukamiliki. Vave haiimbwi ili kuhifadhi historia. Huimbwa kwa sababu kesho moto utawashwa, na moto ni hatari, na watu wanahitaji kuwa kitu kimoja kabla ya kuuwasha. Historia imo humo kwa kuwa ndiyo inayowafanya wawe kitu kimoja. Kwa maneno mengine, katika fani hii kumbukumbu ni sehemu ya kazi, na tukio si kipambo cha utungo bali ni sharti lake. Kimai, utungo wa mambo ya bahari, nao una sharti kama hilo: penye kimai pana chombo, upepo na mawimbi.

Kwa kigezo hiki yafaa kuipima upya juhudi ya kuokoa fasihi ya kaskazini, ambayo kinara wake alikuwa Ahmed Sheikh Nabhany, aliyefariki mwaka 2017. Katika *Sambo ya Kiwandeo*, iliyochapishwa mwaka 1979, Nabhany aliifuata kazi ya kuunda chombo na kuweka ndani ya beti istilahi za mafundi zilizokuwa zikisahauliwa. Katika *Umbuji wa Mnazi*, ya mwaka 1985, aliufanyia mnazi kazi kama hiyo. Bila yeye maneno mengi yangalipotea, na mwalimu yeyote wa Kiswahili ana deni kwake. Hata hivyo utenzi wa namna hiyo huokoa neno baada ya tukio kuondoka. Msomaji hupata jina la ubao, na fundi aliyekuwa akiliita jina hilo kwa sauti ili apewe ubao hayupo. Mapungufu hayo si ya mtunzi. Ni ya taaluma nzima iliyoridhika kwamba jambo likishaandikwa limeokoka.

Taaluma ya isimu imefanya kwa njia yake jambo linalofanana na hilo. Kitabu cha Nurse na Hinnebusch cha mwaka 1993 juu ya Kiswahili na lugha za Sabaki ni msingi usiokwepeka kwa yeyote anayechunguza lahaja za kaskazini. Lakini maarifa ya namna hiyo yalipotoka vyuoni na kuingia katika ofisi za uhamiaji, yalitumika kama mizani ya kumpima mtu. Wataalamu wa lugha wanapaswa kuuliza kazi yao imefikia wapi.

Mkokoni yenyewe

Ingekuwa kosa kudhani kwamba kumbukumbu iliyovunjika kaskazini ilibaki nzima kusini. Mkokoni na vijiji vya jirani vina mapigo yao. Vita vya Shifta, vilivyoanza mwaka 1963 na kumalizika mwaka 1967, viliwatoa Wabajuni wa bara katika mashamba yao, wakakimbilia visiwani, Lamu, Malindi na Mombasa. Wengi hawakurudi. Mwaka 1979 bahari na visiwa vya mbele ya Mkokoni viliingizwa katika Hifadhi ya Bahari ya Kiunga. Mwaka 1982 Kenya ilipiga marufuku kuuza boriti za mikoko nje ya nchi, biashara iliyoyaunganisha maeneo hayo na Ghuba kwa vizazi vingi. Na jina lenyewe la kijiji ni la mkoko. Baada ya mashambulizi ya Mpeketoni ya Juni 2014, Lamu iliwekewa amri ya kutotoka nje usiku, na wavuvi wakakatazwa kuvua usiku kwa miaka kadhaa. Mwezi Septemba 2015 ilianza operesheni ya kijeshi ya Linda Boni katika msitu ulio nyuma ya vijiji hivyo.

Kila moja ya hatua hizo ilikuwa na sababu zake, na baadhi zilikuwa sababu nzuri. Lakini ziorodheshwe kwa mtazamo wa fani. Vave huhitaji shamba la bara, usiku na moto. Kimai huhitaji bahari, na mvuvi wa pwani hiyo alikuwa akienda baharini usiku. Anayenyimwa shamba, usiku na bahari ya kuvulia hajakatazwa kuimba. Hakuna sheria ya Kenya iliyowahi kuitaja vave. Amenyimwa tukio tu, na utungo ukaondoka pamoja nalo kimya kimya. Kwa hiyo dola iliyolikataza kabila kwa amri na dola isiyokataza kitu zimefika karibu na mahali pamoja, ingawa haifai kuzisawazisha: chini ya dola ya pili angalau mtu anaweza kulisema jambo hili waziwazi na kuliandika.

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba kumbukumbu ya Wabajuni baada ya mwisho wa ujamaa wa Somalia haipatikani kwa kuorodhesha yale wanayoyajua. Orodha zipo nyingi, na baadhi zimewaumiza. Kinachokosekana ni uwanja ambamo Mbajuni wa Chula na Mbajuni wa Mkokoni wanaweza kusimuliana, kila mmoja kwa mapigo yake, mbele ya hadhira inayoelewa.

Kwa wahakiki na idara za Kiswahili hayo yanataka mambo matatu. Kwanza, kazi za kurekodi tungo za Kibajuni ziandike pia tukio: nani alikuwapo, kazi gani ilifanywa, na kwa nini utungo ulikatika ulipokatika. Pili, masimulizi ya mwaka 1963, ya mwaka 1974 na ya mwaka 1991 yapewe heshima ile ile inayopewa masimulizi ya Shungwaya, kabla wenye kuyaona kwa macho hawajaondoka. Tatu, wataalamu wa lahaja wanaoombwa kutoa ushahidi wa lugha waseme wazi kwamba Kibajuni ni kimoja pande zote mbili za Ras Kiamboni, na kwamba mtoto aliyelelewa kambini Jomvu hawezi kuhukumiwa kwa matamshi ya bibi yake. La tatu ni jepesi kuliko mawili ya kwanza, na ndilo linaloweza kufanywa mwaka huu huu.